Saa Nne za Picha, Dakika Kumi za Hadithi

Umerudi nyumbani Daa, wilayani Karatu, na vumbi jekundu limekujaa hadi kwenye nyusi. Tangu alfajiri ulikuwa shambani kwa jirani ukirekodi mavuno ya mahindi: watu wakikata mabua, watoto wakifukuza ndege, trekta likigoma kuwaka, mama mmoja akicheka peke yake kwa jambo ambalo hukulisikia. Simu imejaa. Ukijumlisha klipu zote unapata saa nne, na unataka filamu ya dakika kumi ambayo binamu yako aliyeko Arusha ataitazama hadi mwisho bila kuchungulia meseji.

Wengi wakifika hapo hudhani kazi imekwisha, kilichobaki ni kufuta palipotikisika, kuunga palipobaki na kumwaga muziki juu yake. Mimi pia nilianza hivyo, na filamu zangu za mwanzo zilikuwa na kila kitu isipokuwa hadithi. Anayeshika kamera anakusanya mavuno. Anayehariri ndiye anayepeta, na ndiye anayeamua chakula kitakuwa gani.

Usiogope hizo saa nne. Filamu ya Marekani iitwayo Apocalypse Now, iliyotoka mwaka 1979, ilirekodiwa kwa saa kama 230. Walter Murch, mmoja wa wahariri wake, alipiga hesabu akakuta kwamba kwa kila dakika moja iliyofika kwa mtazamaji, dakika 95 zilibaki nje. Wewe kwa kila dakika moja utaacha 23 nje. Bado uko pazuri.

Sura moja, maana tatu

Miaka michache baada ya mapinduzi ya Urusi ya 1917, mwalimu wa filamu Lev Kuleshov alichukua picha ya uso wa mwigizaji Ivan Mosjoukine, uso uliotulia, usiocheka wala kununa. Uso huohuo akauunganisha na bakuli la supu, kisha na mtoto aliyelazwa jenezani, kisha na mwanamke aliyejinyoosha kwenye kochi. Inasimuliwa kwamba watazamaji walimsifu mwigizaji kwa jinsi alivyoonyesha njaa, halafu majonzi, halafu tamaa. Uso haukubadilika hata ukope. Kilichobadilika ni picha iliyokaa jirani yake.

Jaribu mwenyewe leo. Mrekodi mzee aliyeketi kwenye gogo akitazama mbali kwa sekunde sita. Baada yake weka shamba la mahindi lililolazwa na tembo usiku: mzee ana uchungu. Ondoa shamba, weka mjukuu anarudi kutoka shule na sare yake: mzee ana fahari. Weka sufuria ya makande inayotoa mvuke: mzee ana njaa. Na huenda mzee mwenyewe alikuwa anasubiri bodaboda tu.

Jaribio hili ni fundisho la kwanza la uhariri, na ndani yake mna onyo ambalo vitabu hulipita haraka. Ukimpa mzee uchungu ambao hakuwa nao, umemsingizia. Mtu wa mbali hatajua. Yeye atajua, wanawe watajua, na mwakani ukipita na kamera utakuta mageti yamefungwa. Kwa hiyo jiulize kila unapobandika picha mbili pamoja: je, aliyerekodiwa akiwa amekaa hapa kando yangu, angekubali?

Waliokata kabla yetu

Nyanda hizi si ngeni kwa kamera. Mwishoni mwa 1960 mwongozaji Howard Hawks alikuja Tanganyika na John Wayne, Hardy Krüger na msafara mzima kurekodi Hatari!, filamu iliyotoka mwaka 1962 ikiwa na jina la Kiswahili na mshangao wake. Walirekodi Momella chini ya Mlima Meru, Manyara, na huku Ngorongoro. Wanyama waliofukuzwa walikuwa wa kweli, na waigizaji kwa sehemu kubwa walikuwa wenyewe juu ya yale magari. Maonyesho mengi ya ndani ya nyumba yalirekodiwa baadaye studio, Hollywood. Mhariri Stuart Gilmore akaachiwa kazi ya kushona vumbi la Tanganyika na kuta za mbao za California, mtazamaji asiuone mshono.

Itafute filamu hiyo, izime sauti, utazame lile fukuzo la kifaru pekee. Hesabu kwa vidole: gari, uso, kwato, kamba, gurudumu, uso tena. Hakuna picha inayokaa muda mrefu kuliko inavyohitajika kuonyesha jambo moja jipya. Dakika kumi za kutazama hivyo zitakufundisha kukata mwendo kuliko siku nzima ya video za mafunzo za mitandaoni, ambazo nyingi hufundisha vitufe tu.

Ukimaliza, itazame tena kwa jicho la mtu wa Karatu. Wakati ule Karatu ilikuwa bado sehemu ya Mbulu, na wakulima Wairaqw walikuwa wakifungua mashamba kwenye nyanda hizi. Katika Hatari! hakuna mkulima wa hapa mwenye kisa chake mwenyewe. Waafrika wapo, wanashika kamba.

Filamu ya pili iko karibu zaidi. Ukipita lango la Lodoare na kupanda hadi ukingo wa kreta ya Ngorongoro, utaona kaburi la Michael Grzimek. Alikufa tarehe 10 Januari 1959 ndege yake ilipogongana na tai, akiwa katikati ya kazi ya kurekodi na kuhesabu wanyama wa Serengeti pamoja na baba yake, Bernhard. Baba aliikamilisha filamu bila mwana, ikatoka mwaka huohuo wa 1959, na mwaka 1960 ikapata tuzo ya Oscar ya filamu ya hali halisi. Kwa Kiingereza inajulikana kama Serengeti Shall Not Die. Fikiria kazi ya chumba cha uhariri pale: kila kipande unachokishika kilitazamwa kwanza na jicho la mtu aliyekwisha kuzikwa.

Ni filamu yenye mapenzi makubwa kwa wanyama, nami naiheshimu. Lakini Bernhard Grzimek aliamini kuwa hifadhi ya taifa haipaswi kuwa na watu wanaoishi ndani yake, na picha alizozichagua zinasema hivyo. Mwaka uleule wa 1959 Wamasai waliokuwa Serengeti walihamishiwa upande wa Ngorongoro, ambako ilianzishwa hifadhi ya kuchanganya watu, mifugo na wanyamapori. Tangu hapo filamu za wanyama kutoka kreta zimekuwa nyingi, na karibu zote zinafanana: kamera inainuliwa kidogo ili mchungaji asionekane, gari la watalii linasubiriwa lipite, na shamba la ngano lililo ng'ambo ya msitu halipo duniani. Hakuna anayesema uongo katika hizo filamu. Wameacha tu. Nimekaa sana kwenye jambo hili kwa sababu wewe unayehariri Daa unarithi mkasi uleule, na swali la kwanza si programu gani utumie, ni nani utamwacha nje ya fremu na kwa nini.

Daftari kabla ya kompyuta

Sasa kazi yenyewe. Usifungue programu. Tazama klipu zote, kuanzia ya kwanza hadi ya mwisho, ukiwa na daftari la shule na kalamu. Andika namba ya klipu, nani yumo, anasema nini, na alama ya nyota pale moyo wako uliposhtuka. Nyota ni muhimu kuliko maelezo. Utaziona klipu hizi mara hamsini, na kufikia mara ya kumi hutashtuka tena na lolote. Daftari litakukumbusha palipokugusa ulipokuwa bado mgeni. Yule mama aliyecheka peke yake, sekunde nane tu, mpe nyota hata kama hujui utamweka wapi.

Kisha andika sentensi moja: filamu hii inahusu nini. Si mada, bali jambo linalotokea. "Mavuno Daa" ni mada. "Familia inakimbizana kuingiza mahindi ndani kabla tembo hawajarudi" ni hadithi, kwa kuwa ina mtu, ina anachotaka, na ina kinachomzuia. Ukishaipata, kila klipu inapita mbele ya sentensi hiyo kama mbele ya askari wa geti. Machweo mazuri kuliko yote uliyowahi kurekodi? Yanaisaidia familia kuingiza mahindi? Hayaisaidii. Yanatoka. Inauma, najua. Yaweke kwenye folda yako ya pembeni, uyatumie siku nyingine kwenye harusi ya mtu.

Halafu panga mkato wa kwanza, mrefu na mbaya. Usirembe. Weka tu klipu zenye nyota kwa mpangilio unaodhani ni sahihi, hata zikifika dakika arobaini. Watu wengi hukwama hapa kwa sababu wanasafisha dakika ya kwanza kwa wiki nzima bila kujua dakika ya mwisho itakuwa nini. Jenga kuta zote kwanza, lipu baadaye.

Kuhusu mpangilio: siku ilianza asubuhi, lakini filamu hailazimiki. Unaweza kuanzia usiku, mtu akipiga debe kufukuza tembo, hatuoni tembo, tunasikia matawi tu; ndipo urudi asubuhi. Mtazamaji atakuwa na swali, na mwenye swali haondoki. Ila usimwibie. Ukianza na tembo halafu filamu nzima isimrudie tembo, umemwahidi mgeni nyama ukampa mchuzi.

Wapi pa kukata

Murch, yule wa Apocalypse Now, aliandika kitabu kifupi kuhusu kazi hii na ndani yake akapanga vigezo sita vya mkato mzuri kwa asilimia. Hisia alizipa 51, hadithi 23, mdundo 10. Vilivyobaki, yaani jicho la mtazamaji liko wapi, na mpangilio wa vitu kwenye fremu na katika nafasi, vinagawana 16. Asilimia hizo ni za utani nusu, lakini mpangilio wake ni wa kweli. Kama mkato unatunza hisia na kuharibu kidogo mahali kikombe kilipokuwa mezani, kata. Hakuna mtu aliyewahi kulia kwa sababu kikombe kilihama.

Hata hivyo kuna kosa moja la nafasi ambalo mtazamaji wa kijijini hakusamehe, nami nililijua kwa aibu. Nilirekodi ng'ombe wakipelekwa mnadani, kwanza nikiwa upande huu wa barabara, kisha nikavuka upande wa pili kwa sababu jua lilikuwa linaniumiza macho. Nilipounganisha, shangazi yangu akauliza, "Mwanangu, kwani wamesahau nini nyumbani?" Kwenye picha ya kwanza ng'ombe walikuwa wanakwenda kulia, kwenye ya pili kushoto. Kwa shangazi walikuwa wamegeuza. Kwa hiyo chora mstari wa kuwazia kati ya wanaotazamana, au kwenye njia ya anayetembea, na ubaki upande mmoja wa mstari huo. Ukilazimika kuvuka, mwonyeshe mtazamaji ukivuka, au weka katikati picha isiyo na upande: kwato kwa karibu, uso wa mchungaji unaokuja moja kwa moja mbele.

Kata kwenye tendo. Mkono unapoinua jembe, anza na picha ya mbali. Jembe likiwa hewani, ingia picha ya karibu likishuka. Jicho linafuata jembe na halioni mshono. Kwa mazungumzo, usikate kila mtu anapomaliza sentensi, filamu itakuwa kama mechi ya tenisi. Baki na anayesikiliza. Uso wa mke anayesikia mumewe akisema wameuza magunia yote una habari kuliko mdomo wa mume.

Picha ikae muda gani? Ikae mpaka jicho limalize kuisoma, kisha nukta moja zaidi kama unataka mtu afikiri, au nukta moja pungufu kama unataka akimbie. Siwezi kukupa sekunde. Wairaqw wana sala ndefu ya kishairi iitwayo slufay: mzee anatamka, wote wanaitikia kwa pamoja, anaendelea. Ukiwahi kuirekodi utaona kwamba mahali pa kukata pameshawekwa tayari: ni pale mwitikio unapoanguka. Ukikata katikati ya kauli ya mzee umekata pumzi yake. Kazi nyingi za watu zina mwitikio wa namna hiyo, mtwangio unaposhuka, ungo unaporusha na kupokea. Sikiliza kabla ya kukata.

Na kuna wakati usikate kabisa. Mwaka 1992 mwongozaji wa Tanzania Flora M'mbugu-Schelling alitoa These Hands, filamu ya dakika 45 kuhusu wanawake wanaoponda mawe kwa nyundo karibu na Dar es Salaam, wengi wao wakimbizi kutoka Msumbiji. Haina msimulizi anayekueleza uhisi nini. Picha zinakaa, nyundo inashuka, inapanda, inashuka, na uchovu unakuingia mwilini mwenyewe. Angekata kila sekunde mbili, tungeona wanawake wachapakazi. Kwa kutokata, tunaona saa za maisha zinavyokwenda. Kijana anayetaka kuhariri Tanzania na hajaiona hiyo filamu ana deni.

Eti hatuwezi kufuata

Niruhusu nitoke kidogo njiani. Kati ya 1935 na 1937, Vugiri katika milima ya Usambara, kulikuwa na mradi wa Waingereza wa kutengeneza filamu za mafunzo kwa Waafrika, ukisimamiwa na L. A. Notcutt na G. C. Latham. Walitengeneza filamu kama 35 na kuzizungusha kwa lori Afrika Mashariki na kwingineko. Baadaye, kuanzia 1939, kikaja kitengo cha filamu za makoloni chini ya William Sellers, ambaye aliamini kuwa Mwafrika wa kijijini apewe filamu ya mwendo wa pole, picha ndefu, bila kuruka kutoka mahali hadi mahali, kwa kuwa hangeweza kufuata. Walikuwa na kisa walichokipenda kukirudia: wanakijiji walionyeshwa mbu aliyekuzwa akajaa skrini, wakasema kwao hakuna mbu wakubwa hivyo.

Mimi kisa hicho nakisoma kama mzaha wa watu waliochoshwa na filamu. Nenda kibanda umiza chochote, kile kibanda cha video cha mtaani, ukaone. Watu walewale wanafuata filamu ya Kichina ya ngumi, juu yake sauti ya mtafsiri kama Lufufu wa Dar es Salaam au DJ Afro wa Kenya, anayetafsiri, anatania na kumpa adui jina la mtaani, yote kwa pamoja, na hakuna anayepotea. Mtafsiri huyo naye ni mhariri: hakukata picha hata moja, lakini ameisimulia hadithi upya. Usimpunguzie mtazamaji wako mwendo kwa kudhani hajui. Mpunguzie pale tu hadithi inapotaka pole.

Masikio hayasamehi

Picha mbaya yenye sauti nzuri inatazamika. Kinyume chake hakitazamiki. Upepo wa huku, hasa kiangazi, unaingia kwenye maikrofoni ya simu kama bati linalopasuliwa. Funika maikrofoni kwa kipande cha sponji au kitambaa chenye manyoya, na msogelee msemaji. Mita moja ni mbali tayari. Kama una simu ya pili, iweke mfukoni mwa shati lake ikirekodi sauti peke yake. Mwanzoni apige makofi mara moja mbele ya kamera: ule mlio mkali ndio utakaokusaidia kulinganisha sauti na picha kwenye programu.

Kila unapomaliza mahali, rekodi nusu dakika ya kimya cha pale: upepo kwenye mabua, kuku, redio ya jirani kwa mbali. Utaitandaza chini ya mikato yako, nayo itaficha kila kiraka. Halafu jifunze hila hii moja, nzuri kuliko madoido yote: sauti itangulie picha. Bado tunamwona mzee kwenye gogo, lakini tayari tunasikia kengele ya shule. Ndipo tunakata kwenda shuleni. Mtazamaji ameshafika kabla miguu haijafika. Au uiache ya kwanza iendelee: mama anaongea kuhusu tembo, nasi tumeshahamia kwenye nyayo kubwa ndani ya shamba, anaendelea kuongea.

Muziki weka mwisho, na uweke kidogo. Mapambo ya kwenye programu, yale ya mioyo inayozunguka na kurasa zinazojikunja, yaachie video za harusi, tena za watu wasiokudai ubora. Na kama wimbo si wako, una mwenyewe. Ofisi ya Hakimiliki ipo, na majukwaa ya mitandaoni huishusha video bila kukupigia simu.

Wasemaji wako wengi wataongea Kiiraqw, na wakilazimishwa Kiswahili watakuwa wageni katika kinywa chao wenyewe. Waache. Weka tafsiri chini ya picha, mistari isizidi miwili, herufi zisizidi kama arobaini kwa mstari. Uwe mwangalifu na jambo hili: katika Kiiraqw kitenzi mara nyingi huja mwishoni, kwa hiyo ukiweka sentensi nzima ya Kiswahili mapema, msomaji anacheka kabla mzee hajafika kwenye kichekesho, na mzee anaonekana kama aliyechelewa kwenye utani wake mwenyewe. Gawa sentensi, umalizie naye pamoja. Na jina likiandikwa kwa Kiiraqw, kwa zile sl, tl, hh na mkwaju wake (/), mpe mwenye lugha alikague.

Vifaa, nakala, vibali

Kwa programu sitakaa sana. Simu inatosha kuanzia, kwa CapCut au KineMaster. Ukipata kompyuta, DaVinci Resolve ina toleo la bure ambalo hutalimaliza. Kama kompyuta inakwama, tengeneza nakala nyepesi za klipu, hariri kwa hizo, kisha programu irudishe zile nzito wakati wa kutoa. Kukata kunabaki kulekule. Mhariri Elizaveta Svilova alikuwa anakata kwa mkasi halisi na gundi huko Umoja wa Kisovieti, na katika Man with a Movie Camera ya 1929 anaonekana mwenyewe mezani akichambua vipande vya utepe. Siku zile studio nyingi ziliwapa wanawake kazi hiyo kwa kudhani ni aina ya ushonaji. Ukiiangalia sketi ya ngozi ya Kiiraqw iliyonakshiwa kwa shanga, utakubali kuwa kulinganisha na ushonaji hakukuwa tusi, hata kama waliolinganisha walikusudia tusi.

Kwa nakala nitakaa. Isaac Nabwana wa Wakaliga, Kampala, aliyetengeneza Who Killed Captain Alex? mwaka 2010 kwa kompyuta alizounga mwenyewe, alilazimika kufuta filamu zake ili kupata nafasi ya kutengeneza inayofuata. Leo filamu hiyo imetazamwa na mamilioni mtandaoni, ikiwa na sauti ya msimulizi VJ Emmie juu yake, na picha zake za asili zenye ubora kamili hazipo. Nami nimepoteza mavuno ya mwaka mzima kwa flashi moja iliyoanguka kwenye ndoo ya maji. Kwa hiyo weka nakala mbili mbali na ile unayoifanyia kazi, moja isilale nyumba unayolala. Usimtumie mtu filamu kwa WhatsApp kama video ya kawaida ukatarajia ubora ubaki. Itume kama faili, au ipeleke kwa flashi.

Vibali viulizie kabla ya kurekodi, usisubiri mwisho. Bodi ya Filamu ndiyo inayosimamia utengenezaji na maonyesho ya filamu nchini kwa mujibu wa sheria ya mwaka 1976 na marekebisho yake. Ukitaka kurekodi ndani ya hifadhi, nenda kwa Mamlaka ya Hifadhi ya Eneo la Ngorongoro. Droni ina kibali chake, cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Na ukishuka Mang'ola kwa Wahadzabe, ambao wamerekodiwa hadi wanajua pembe ipi wageni wanaipenda, kaa siku moja bila kamera kwanza. Utagundua kwamba wanacheka sana, jambo ambalo filamu nyingi zimelikata.

Mtazamaji wa kwanza

Mkato wako ukifika dakika kumi na tano, tafuta mtu asiyekuwepo siku ya kurekodi. Asiwe rafiki yako wa kazi hii. Mkalishe, washa, nawe usitazame skrini; mtazame yeye. Akijikuna, akishika simu, akiuliza "huyu ni nani tena?", andika dakika yake. Usijitetee, usieleze. Ukilazimika kueleza, hicho unachoeleza ndicho kilichokosekana kwenye filamu. Shangazi yangu alinisaidia kuliko mwalimu yeyote kwa sababu hakujua jina la kitu chochote. Alijua tu amechoka au hajachoka.

Kisha waoneshe waliorekodiwa, kabla ya mtu mwingine yeyote. Huenda yule mama akakwambia alikuwa anacheka nini. Mimi wangu aliniambia, na ilinibidi nivunje mwisho wote wa filamu niupange upya, sekunde zake nane zikawa za mwisho kabisa.

Filamu yako ya kwanza isizidi dakika kumi. Mavuno yajayo yakifika, beba chaja ya akiba na memori kadi tupu, na kabla ya kubonyeza kitufe chekundu, ile sentensi moja iwe imeshaandikwa kwenye daftari.